Karatasi za tumbo: usiende Kigali mikono mitupu

Ukikaa asubuhi moja kwenye benchi la kituo cha afya cha kambi yoyote hapa Rwanda, iwe Kiziba, Nyabiheke, Kigeme, Mugombwa au Mahama, utasikia neno moja likirudiwa kuliko mengine: tumbo. Huyu linamuunguza, yule limejaa gesi, mwingine anaharisha wiki ya pili. Wengi hutibiwa wakapona. Lakini wapo wanaorudi, na kurudi tena, hadi siku wanapoandikiwa transferi ya kwenda hospitali ya wilaya, na pengine baadaye Kigali. Makala hii inawahusu hasa hao, pamoja na wale wanaowauguza nyumbani.

Daktari wa Kigali hajawahi kukuona. Fishi yako ya miaka yote imebaki kituoni kambini. Alicho nacho mkononi ni karatasi ya transferi yenye mistari michache, na mbele yake ni wewe, umechoka na safari. Anakuuliza: maumivu yalianza lini? Ulipewa dawa gani, na ulikunywa kwa siku ngapi? Ulipimwa nini, na majibu yalikuwaje? Wengi wetu tunajibu "vidonge vyeupe", "siku nyingi", "walinitoa damu". Daktari si mpiga ramli. Akipata majibu ya namna hiyo inambidi aanze upya, apime yaliyokwisha kupimwa na kuandika dawa ambazo labda ulikwisha kuzinywa mara mbili bila kupona. Na nafasi ya transferi ya Kigali haipatikani kila mwezi.

Kuna kitu kidogo kinachoweza kusaidia, nacho ni kaye ya shule ya kurasa 48, bahasha ya kutia karatasi, na mfuko wa nailoni wa kuzikinga na mvua inayopenya kwenye shitingi. Lakini kaye peke yake haisaidii kama hujui cha kuandika, kwa hiyo tuanze na ugonjwa ambao karatasi zake huleta utata kuliko zote.

MDUDU WA VIDONDA VYA TUMBO

Zamani watu, hata madaktari, waliamini kwamba vidonda vya tumbo vinaletwa na mawazo mengi na pilipili. Mwaka 1982 madaktari wawili wa Australia, Robin Warren na Barry Marshall, walitambua bakteria anayeishi ndani ya tumbo la chakula. Jina lake ni Helicobacter pylori, na kwenye karatasi zenu huandikwa kwa kifupi H. pylori. Wengi hawakuwaamini. Hivyo mwaka 1984 Marshall alipimwa kwanza tumbo lake kwa mpira, likaonekana zima, kisha akanywa maji yenye bakteria hao. Baada ya siku chache akaanza kichefuchefu na kutapika, na siku ya 10 alipopimwa tena tumbo lilikuwa limewaka ndani. Mwaka 2005 wote wawili walipewa Tuzo ya Nobel. Siwaambii mfanye kama yeye! Lakini angalieni jambo moja: alijua tumbo lake lilikuwaje kabla, na aliandika tarehe za yaliyofuata. Bila hayo angekuwa mtu mwingine tu anayelalamika tumbo.

Hapa Rwanda mdudu huyu ni wa kawaida sana. Utafiti uliofanyika katika hospitali ya chuo kikuu huko Butare na kuchapishwa mwaka 2014 ulionyesha kwamba kati ya wagonjwa waliopimwa kwa mpira, karibu watatu katika kila wanne walikuwa naye. Wengi wanaomchukua mdudu huyu humpata tangu utotoni na hawaumwi chochote. Wengine hupata vidonda.

Sasa utata wenyewe ni huu. Kuna vipimo vya aina zaidi ya moja. Kimoja ni cha damu. Hicho hakimtafuti mdudu mwenyewe, kinatafuta alama ambazo mwili uliweka ulipopigana naye. Alama hizo hubaki mwilini miezi mingi, hata zaidi ya mwaka, baada ya mdudu kufa. Kwa hiyo mtu aliyetibiwa vizuri akapona, akipimwa damu tena anaweza kuambiwa bado anaye. Kingine ni cha choo, ambacho kinamtafuta mdudu aliyepo leo. Cha tatu ni kile cha mpira kooni, ambapo daktari anaona tumbo kwa macho na anaweza kuchukua kinyama kidogo cha kupima.

Mnaona hatari yake. Mama mmoja alitibiwa mdudu huyo mara tatu katika muda wa miaka miwili, na kila mara baada ya kipimo cha damu. Siku mtu alipokaa naye chini wakapanga vikaratasi vyake vyote kwa tarehe, ndipo ilipoonekana kwamba hakuwahi kupimwa choo hata mara moja. Alipopimwa choo, mdudu hakuwepo. Maumivu yake yalikuwa na sababu nyingine, ambayo miaka yote hiyo hakuna aliyeitafuta kwa sababu kila mmoja alikuwa akimfukuza mdudu. Vikaratasi hivyo alikuwa navyo siku zote, kimoja kwenye Biblia, kingine chini ya godoro, viwili kwenye kopo la unga.

Kwa hiyo unapopata majibu usiandike tu "wamekuta mdudu". Uliza: "Muganga, hiki ni kipimo cha damu au cha choo?" Hilo si swali la utovu wa adabu. Andika aina ya kipimo, tarehe na jibu.

Andika pia matibabu. Kwa kawaida mgonjwa hupewa dawa ya kupunguza asidi kama omeprazoli pamoja na antibiotiki mbili, mara nyingi amoksisilini na klaritromisini au metronidazoli, na mara nyingi ni kwa siku 14. Vidonge ni vingi, vinaacha mdomo na ladha ya chuma, vinaleta kichefuchefu, na ifikapo siku ya 6 maumivu yamepungua. Hapo ndipo wengi huacha, na vilivyobaki wanampa jirani. Kama uliacha, andika siku uliyoacha. Hakuna atakayekupiga. Daktari anayejua kwamba ulikunywa siku 6 atafikiri tofauti na yule anayedhani ulimaliza 14 na mdudu akashinda dawa. Wa pili anaweza kukubadilishia dawa bure.

Na kipimo cha choo cha kuhakikisha kwamba umepona kina masharti yake: zipite angalau wiki 4 tangu umalize antibiotiki, na wiki 2 bila omeprazoli. Ukienda mapema, kipimo kinaweza kusema umepona wakati mdudu amejificha tu. Nani atakumbuka wiki hizo kichwani? Tarehe uliyomeza kidonge cha mwisho iandikwe siku hiyo hiyo.

TIFOIDI YA KILA MWEZI

Karatasi nyingine iliyojaa majumbani ni ya tifoidi, yaani homa ya matumbo. Watu wanasema "nina tifoidi yangu" kama wanavyosema nina shamba langu. Kipimo cha Widali, ambacho bado kinatumika katika maabara nyingi za nchi zetu, nacho kinatazama alama za damu. Mtu aliyewahi kuugua, au hata aliyeugua kitu kingine, anaweza kuonyesha alama. Kipimo kimoja peke yake hakitoshi kusema una tifoidi leo. Ukiwa na karatasi tatu za Widali za mwaka mmoja zenye namba zinazofanana, mpe daktari zote tatu. Akizitazama pamoja ataona jambo ambalo karatasi moja haiwezi kumwonyesha. Usimpe ile ya mwisho tu kwa kudhani ndiyo yenye maana.

YA KUANDIKA KILA SIKU

Kwa mtu mwenye tumbo la kurudiarudia, mwezi mmoja wa kuandika unatosha kumpa daktari picha. Mistari miwili jioni. Andika tarehe, saa ambayo maumivu yalikuja, na sehemu yalipokuwa: juu chini ya kifua, upande wa kulia, au chini ya kitovu. Je, yalikuja ukiwa na njaa au baada ya kula? Je, yalikuamsha usiku? Choo kilikuwaje na mara ngapi, na kilikuwa na kamasi au damu? Andika ulichokula siku ile tumbo lilipouma, lakini hata siku ambayo halikuuma. Sehemu hii wengi huisahau. Ukiandika maharage siku za maumivu tu, maharage yataonekana kuwa na hatia daima, ilhali sisi hula maharage karibu kila siku! Nimeona kaye ambazo zimeyatetea maharage kabisa.

Usisahau dawa za magonjwa mengine. Mzee mmoja mwenye mgongo mbaya alikuwa akinunua vidonge vya maumivu dukani, diklofenaki na ibuprofeni, na tumbo likimuuma anakuja kituoni kuomba dawa ya tumbo. Hakuwahi kutaja vidonge vya mgongo kwa sababu hakuulizwa habari za mgongo. Mjukuu wake ndiye aliyekuwa akimwandikia, akaandika vyote. Ilionekana wazi kwamba kila baada ya siku mbili tatu za vidonge vile, tumbo linawaka. Diklofenaki, ibuprofeni na aspirini zinaweza kuchubua tumbo hadi kuleta kidonda kinachovuja damu, hata kwa mtu asiye na mdudu. Dawa za miti shamba nazo ziandikwe. Kama hupendi kumwambia muganga jina la aliyekupa, andika jina la mti tu.

Jina la dawa nakili kama lilivyo kwenye pakiti, herufi kwa herufi, pamoja na namba ya miligramu. Bora zaidi, kata kipande cha pakiti chenye jina ukibandike kwenye kaye. Kama kuna dawa iliyokuvimbisha uso au kukutoa vipele mwili mzima, jina lake liandikwe kwa herufi kubwa kwenye jalada la nje, hasa kama ni penisilini au amoksisilini, kwa kuwa ndiyo hupewa watu wa tumbo.

Asiyejua kusoma naye asijione ametengwa. Mtoto wa shule anaweza kuandika. Au chora mwenyewe: jua kwa maumivu ya mchana, mwezi kwa ya usiku, kijiti kimoja kwa kila mara uliyokwenda chooni. Daktari atasoma hayo vizuri kuliko maneno mengi. Mhamasishaji wa afya wa kartie yenu pia akipita nyumbani mwombe akusaidie, ni kazi yake.

Ila kuna mambo ambayo hayangoji kaye. Mtu akitapika damu au kitu cheusi kama ungaunga wa kahawa, choo kikiwa cheusi chenye kunata kama lami, tumbo likikaza ghafla kama ubao, chakula kikikwama kooni, macho yakigeuka manjano, au mtoto anayeharisha akiwa na macho yaliyoingia ndani na hana nguvu ya kunyonya, nendeni kituoni saa hiyo hiyo, hata usiku. Mtoto aendelee kupewa ORS njiani. Kupungua uzito bila sababu nako kusichukuliwe kuwa ni njaa ya kambi tu.

FISHI HUKAA, MTU HUHAMA

Wengine watasema: kituo kina fishi yangu, kwa nini nibebe karatasi? Ni kweli kituo kinayo, na wauguzi wanajitahidi kuitunza. Lakini tutazame historia yetu wenyewe. Wapo walioondoka Masisi na Rutshuru, wakakaa Mudende, na baada ya mashambulizi ya mwaka 1997 wakapelekwa Gihembe. Kambi ya Gihembe nayo ilifungwa mwaka 2021, na watu wake wakahamishiwa Mahama, upande wa pili wa nchi. Wa Kiziba wapo tangu 1996, lakini watoto wao wamesoma na kuolewa kwingine. Siku ya kuhama watu hufunga kwanza masufuria na magodoro. Karatasi za hospitali hufungwa mwisho, au hutumika kuwashia moto wa chai ya mwisho.

Na hata bila kuhama, ngazi ni ndefu. Mtu wa Mahama hutoka kituo cha kambi akaenda hospitali ya Kirehe. Wa Nyabiheke huenda Ngarama. Wa Kiziba huenda Kibuye. Kutoka hapo ndipo mgonjwa hufika CHUK au hospitali nyingine kubwa. Waliopata kuishi mjini Kigali, ambao HCR na serikali waliwaingiza katika Mituweli kwa makubaliano ya mwaka 2019, nao wana ngazi yao inayoanzia kituo cha afya cha mtaa. Katika kila ngazi kuna karatasi mpya. Ukirudi kambini, karatasi ya kutoka hospitali isiishie mfukoni. Muuguzi wa kituo aione, aandike kwenye fishi, nawe ubaki na yako.

Jina ni tatizo la peke yake. Kambini wapo watu wengi wenye jina moja, na wengi wetu tumeandikiwa kuzaliwa tarehe 1 Januari. Kwenye karatasi moja jina linaanza na la ukoo, kwenye nyingine na la ubatizo, kwenye ya tatu wamebadilisha R kuwa L. Ukurasa wa kwanza wa kaye andika jina kama lilivyo kwenye karatasi ya usajili ya HCR, herufi kwa herufi, na namba ya familia. Ukiona maabara imekosea jina, omba warekebishe kabla hujaondoka dirishani. Majibu yenye jina la mtu mwingine yanaweza kukukosesha zamu yako Kigali.

Karatasi za Kongo msizitupe. Za Goma na Bukavu zimeandikwa kwa Kifaransa na za hapa siku hizi kwa Kiingereza, lakini waganga wanaelewana. Ile inayosema fibroskopi ya mwaka 2004 na ile ya endoskopi ya mwaka jana ni kipimo kile kile cha mpira, na daktari akiziweka pamoja anajua tumbo lako limebadilika au la.

Wenye simu wapige picha karatasi, ni jambo jema, na wamtumie ndugu mmoja wanayemwamini. Ila simu huuzwa siku ya shida, na betri huisha kwenye foleni. Picha isichukue nafasi ya bahasha.

"NITAKOSA SAFARI"

Hili nimelisikia mara nyingi, na kwa sauti ya chini: watu wanachana karatasi za ugonjwa kabla ya kwenda kwa madaktari wa IOM hapa Kigali, wakiogopa kwamba tumbo litawazuia kusafiri. Nasikitika kila ninapolisikia. Magonjwa ambayo sheria ya Marekani iliyaweka kuwa kizuizi ni pamoja na ya kuambukiza yenye hatari kwa umma, kama kifua kikuu kinachoambukiza, na hata hayo mtu hutibiwa. HIV iliondolewa kwenye orodha hiyo Januari 2010. Vidonda vya tumbo, H. pylori, amiba na minyoo havimo. Tena kwa minyoo, wasafiri wa kwenda Marekani walikuwa wakipewa dawa kabla ya kupanda ndege, albendazoli kwa ya tumboni na praziquantel kwa kichocho. Mpango wa Marekani ulisimamishwa Januari 2025 na wengi walibaki njiani, nami sina la kuwaahidi kuhusu safari. Lakini aliyechana karatasi zake akabaki kambini amebaki na tumbo lile lile, bila ushahidi wake.

Kuna hofu nyingine ambayo naielewa zaidi, ya jirani au mume kusoma. Nyumba zetu hazina vyumba vya siri. Kama kuna ugonjwa usiopenda ujulikane, dawa zake zinaweza kuandikwa kwenye ukurasa wa peke yake uliokunjwa na kubandikwa, au kwa alama unayoijua wewe na muuguzi wako. Daktari wa tumbo lazima azijue, jirani halazimiki.

SIKU YA TRANSFERI

Jioni kabla ya safari panga karatasi kwa tarehe, ya zamani chini na mpya juu. Kwenye ukurasa mmoja wa kaye andika, au andikiwa, mambo manne tu: tumbo lilianza lini, vipimo na majibu yake, dawa na siku ulizokunywa, na dawa zinazokudhuru. Daktari mwenye wagonjwa wengi atasoma ukurasa huo kwanza, kisha akitaka atafungua bahasha.

Kama unakwenda kwa kipimo cha mpira, utaambiwa usile tangu usiku. Ufuate saa walizokuandikia, maana tumbo lenye chakula halionekani, na utarudishwa. Uliza mapema kama omeprazoli uendelee nayo au uiache. Nenda na mtu wa kukusindikiza, kwa sababu ukipewa dawa ya usingizi utatoka na kizunguzungu, na atakayesikia maelezo ya daktari ni yeye. Mwenye kushika kalamu awe yeye, na kabla hamjaondoka aombe nakala ya majibu, pamoja na tarehe ya kurudi kuchukua majibu ya kinyama kama kilikatwa.